Jeshi, Wizara au Mkopo: Namna Kila Mkataba wa Kusomea Udaktari Unavyomshika Aliyeutia Saini

Kijana wa Unguja au Pemba aliyefaulu vizuri masomo ya sayansi kidato cha sita, na ambaye kwao hakuna wa kumlipia miaka 5 ya chuo cha udaktari, huwa na njia tatu mbele yake. Ya kwanza ni kusomeshwa akiwa ndani ya jeshi au kikosi. Ya pili ni kusomeshwa na Serikali akiwa mtumishi wa kiraia, kwa kawaida kupitia wizara, kwa ahadi ya kurudi kutumikia. Ya tatu ni kukopa kwenye bodi ya mikopo na kulipa mwenyewe baadaye. Zote huanza kwa saini, na zile mbili za mwanzo huanza kwa mkataba wa utumishi ambao vijana wamezoea kuuita bondi: nisomeshe leo, nitakutumikia kesho, na nikiondoka kabla ya muda nitakurejeshea gharama.

Familia zinapokaa kulinganisha, swali la kwanza huwa ni la miaka. Huyu anataka 5, yule anataka 10, basi mwenye 5 ndiye bora. Kazi yangu ya kila siku ni kuwasomea watu mikataba kabla hawajaitia saini, na mara nyingi zaidi baada ya kwisha kuitia, na nimejifunza kwamba idadi ya miaka ni jambo la tatu au la nne kwa uzito. Kabla yake kuna kujua miaka hiyo inaanza kuhesabiwa lini, deni linapungua vipi kadiri mtu anavyotumikia, na mwenye kudai ana nguvu gani mkononi ya kumdai aliyeondoka. Kwa sababu ya vifungu hivyo tu, mkataba wa miaka 7 unaweza kuwa mwepesi kuliko wa miaka 5.

Msimu mmoja wa karafuu nilikuwa Wete, nimekaa barazani baada ya sala ya alasiri, akaja mzee mmoja na bahasha ya kaki. Binti yake alikuwa amepata nafasi ya kusomeshwa udaktari na taasisi ambayo sitaitaja. Ndani ya bahasha mlikuwa na kurasa 11 za Kiingereza, na kwenye ukurasa wa 9 palikuwa na jina la mzee, alama ya dole gumba lake kwa wino wa buluu, na maelezo ya shamba lake la mikarafuu. Mzee yule anasoma vizuri khati za Kiarabu, lakini Kiingereza hakijui. Akaniuliza, "Mwanangu, hebu nitazamie. Hapa aliyeandikiwa kusoma ni yeye au ni mimi?" Nilimsomea kifungu kile kwa Kiswahili, pole pole, mara mbili. Kilisema kwamba binti akiacha kazi kabla ya kutimiza miaka 10, gharama yote ya masomo italipwa na yeye pamoja na mdhamini wake, kila mmoja akiwajibika kwa deni lote. Mzee alikuwa akidhani dole lile linathibitisha tu kwamba yeye ndiye baba. Bahati njema karatasi zilikuwa bado hazijarudishwa kwa wenyewe. Nitarudi kwake mwishoni, kwa sababu mengi ninayoyaandika hapa niliyapanga kichwani jioni ile.

Nguvu ya jeshi

Nianze na jeshi, kwa kuwa ndilo lenye mkono mrefu kuliko wengine wote. Ulinzi ni jambo la Muungano, na Mzanzibari anayeingia JWTZ, yaani Jeshi la Wananchi wa Tanzania, anakuwa chini ya Sheria ya Ulinzi wa Taifa ya 1966 sawasawa na kijana wa Mtwara au wa Mwanza. Afya, kwa upande wake, si jambo la Muungano, na Zanzibar ina wizara yake. Tofauti hiyo inaonekana ya makaratasi mpaka siku ya kupangiwa kituo. Aliyesomeshwa na jeshi hapangwi na wanaopanga madaktari wa Mnazi Mmoja au wa Hospitali ya Abdulla Mzee kule Mkoani. Anaweza kupelekwa hospitali ya jeshi ya Bububu akawa karibu na kwao, akapelekwa Lugalo kule Dar es Salaam, akapelekwa kikosi chochote cha Bara, au akafuatana na wanajeshi wenzake kwenye ulinzi wa amani nje ya nchi. Mama anayemtuma mwanawe kusomea udaktari wa jeshi kwa matumaini kwamba atarudi kutibu Micheweni anapaswa kulijua hilo mapema.

Jambo la pili ni zito zaidi, nalo ndilo linalotenga bondi ya jeshi na bondi nyingine zote. Katika mikataba ya kiraia kuna kanuni ya siku nyingi kwamba mahakama haimlazimishi mtu kuendelea kumfanyia kazi mwajiri asiyemtaka. Daktari wa kiraia akiandika barua kwamba harudi tena kazini, mwajiri atamdai pesa, lakini hatampeleka mtu wa kumrudisha wodini. Kwa askari, juu ya mkataba wa masomo kuna kiapo. Ibara ya 25 ya Katiba ya Jamhuri ya Muungano inakataza kazi ya shuruti, na ibara hiyohiyo inaeleza kwamba kazi inayofanywa na askari wa jeshi katika kutekeleza majukumu yake haihesabiwi kuwa kazi ya shuruti. Kwa hiyo daktari mwanajeshi anayefunga begi na kuondoka hana kesi ya madai peke yake. Anakuwa mtoro wa jeshi, na utoro ni kosa linalohukumiwa kwa sheria za kijeshi. Hata akiwa na pesa zote za kurejesha, hawezi kuziweka mezani na kutoka. Lazima kwanza aombe kuachiwa, na akubaliwe.

Nimekutana na vijana wanaosema, "Nitasoma, nikimaliza nitalipa niende zangu." Kwa wizara maneno hayo yanaweza kuwa na maana fulani. Kwa jeshi hayana, na ni heri asemaye hivyo asiingie.

Haki inataka niseme pia kile ambacho jeshi linakitoa na wengine hawakitoi. Kijana anayesomeshwa akiwa tayari ameandikishwa huwa na mshahara na matibabu, na siku anapomaliza masomo kazi yake ipo. Upande wa kiraia, kwa miaka mingi sasa, tumeona madaktari vijana wakihitimu na kukaa wakisubiri ajira zitangazwe, wengine wakijitolea hospitalini kwa posho ndogo. Bondi ya jeshi inamfunga kijana, lakini na jeshi nalo linajifunga kumtumia. Kwa nyumba isiyo na akiba hilo si jambo dogo. Na tusisahau masharti ya kuingilia: matangazo ya kuandikisha askari huwa yanataka kijana ambaye hajaoa wala hajaolewa, na kwa wasichana wa kwetu, ambao posa huanza kuingia mapema, jambo hili huzungumzwa nyumbani kwa minong'ono ilhali lingepaswa kuzungumzwa waziwazi kabla ya fomu kujazwa.

Watu wengi hapa huchanganya jeshi na vikosi vya SMZ, yaani Serikali ya Mapinduzi ya Zanzibar. KMKM (kikosi cha kuzuia magendo), JKU (Jeshi la Kujenga Uchumi), Chuo cha Mafunzo (ndiyo magereza ya Zanzibar) na wenzao ni Idara Maalum zilizowekwa na kifungu cha 121 cha Katiba ya Zanzibar ya 1984, na ziko chini ya SMZ. KMKM ina hospitali yake Kibweni. Kijana anayesomeshwa na kikosi cha namna hii yuko chini ya nidhamu na sheria ya kikosi chake, wala hafikiwi na Sheria ya Ulinzi wa Taifa, na kwa kawaida atafanya kazi Unguja au Pemba. Kwa anayependa sare lakini hataki kuondoka visiwani, hii ndiyo njia ya kuulizia kwanza.

Miaka huanza kuhesabiwa lini

Marekani wameyaandika mambo haya kwa uwazi mkubwa, na mfano wao unasaidia hata kwa asiyekusudia kwenda huko. Sheria moja ya 1972 ilianzisha njia mbili: chuo kikuu cha tiba cha majeshi kilichopo Bethesda, Maryland, na ufadhili wa jeshi kwa wanaosoma katika vyuo vya kiraia. Wa Bethesda hulipwa mshahara wa afisa tangu siku ya kwanza na hudaiwa miaka 7 ya utumishi. Wa ufadhili kwa kawaida hudaiwa mwaka mmoja kwa kila mwaka aliofadhiliwa. Ukiangalia namba peke yake utadhani umemaliza kulinganisha. Lakini miaka ya mafunzo ya ubingwa ndani ya jeshi haipunguzi deni. Daktari wa Bethesda anayesoma miaka 4, kisha akafanya ubingwa wa upasuaji miaka 5, anaanza kuitumikia ile miaka 7 baada ya hapo, na atakuwa amevaa sare miaka 16 kabla hajawa huru kuondoka.

Kwetu udaktari ni miaka 5 chuoni na mwaka 1 wa mafunzo kwa vitendo, na ubingwa huongeza miaka mitatu au zaidi. Muulizeni anayewaletea mkataba maswali mawili: mwaka wa mafunzo kwa vitendo unahesabiwa kuwa ni utumishi au hauhesabiwi? Na mtu akirudishwa chuoni kwa ubingwa, bondi ya kwanza inaendelea kupungua, inasimama, au inaunganishwa na mpya? Daktari anayefanya mafunzo kwa vitendo analala zamu na kuhudumia wagonjwa kama wenzake, na kwa maoni yangu kutomhesabia mwaka ule ni kumdhulumu. Hata hivyo, mikataba mingi niliyoiona imenyamaza kabisa juu ya hilo, na kifungu kikinyamaza, atakayekitafsiri kwanza ni mwajiri.

Kisa kilichonifanya niyatilie mkazo mambo haya ni cha daktari mmoja wa jeshi la Ugiriki, ambaye kesi yake iliamuliwa na Mahakama ya Ulaya ya Haki za Binadamu mwaka 2015. Aliingia chuo cha maafisa wa tiba mwaka 1986 akiwa na umri wa miaka 18. Alisomeshwa, akalipwa, akafanywa bingwa wa usingizi na ganzi. Mwaka 2006, miaka 20 baada ya kuingia, aliomba kujiuzulu, akaambiwa bado anadaiwa zaidi ya miaka 9, na kama anataka kuondoka alipe. Kiasi alichotakiwa kulipa kilizidi yuro 100,000, na baadaye mahakama ya hesabu ya nchi yake ikakipunguza hadi kama yuro 50,000. Mahakama ya Ulaya haikusema kwamba jeshi halina haki ya kudai. Ilisema wazi kwamba dola iliyogharimia masomo ya mtu ina haki ya kurejeshewa sehemu ya gharama zake. Kilichoonekana kuwa ni kazi ya shuruti ni namna ya kudai: alibanwa alipe pesa zote pamoja na riba wakati rufaa yake bado haijaamuliwa, bila ya kupewa nafasi ya kulipa kwa awamu. Uamuzi huo hauifungi mahakama ya Tanzania, lakini umetuachia maswali matatu ya kuyatafuta ndani ya kila mkataba: je, kuna kulipa kwa awamu, kuna riba, na deni linasimama wakati mtu analibishania?

Tofauti na Ugiriki ni Japani. Chuo cha tiba cha ulinzi cha nchi hiyo, kilichoanzishwa mwaka 1973 mjini Tokorozawa, kinadai miaka 9 ya utumishi baada ya kuhitimu. Anayeondoka kabla hurejesha pesa, na kiasi hupungua kadiri alivyotumikia. Miaka 9 ni mingi, lakini mtu anajua kila mwaka amebakiza nini, na mlango wa kutokea una bei iliyoandikwa.

Nguvu ya wizara

Kwa mtumishi wa kiraia silaha ya mwajiri ni mkataba wenyewe, na nyuma ya mkataba kuna sheria ambayo pande zote mbili za Muungano zimeirithi kutoka sehemu moja, Sheria ya Mikataba ya India ya 1872. Kifungu chake cha 74 kina kiini hiki: mkataba ukivunjwa, na ndani yake kikatajwa kiasi cha kulipwa, aliyevunjiwa hupata fidia ya haki isiyozidi kiasi hicho. Maana yake, ukiandikiwa shilingi milioni 60, mahakama haipigi muhuri tu kwenye milioni 60. Inaweza kuuliza ni kiasi gani hasa ni cha haki. Hiyo ndiyo sehemu ambayo mawakili hupenda kuwaeleza wateja wao. Lakini kifungu hichohicho kina sehemu ya pili: mtu anayetoa dhamana kwa mujibu wa sheria au amri ya Serikali, kwa ajili ya kutekeleza jukumu la umma au jambo ambalo umma una maslahi nalo, akiivunja hulipa kiasi chote kilichotajwa. Halafu maelezo yake yanaongeza kwamba kufunga mkataba na Serikali peke yake hakumaanishi kwamba mtu amechukua jukumu la umma. Kwa hiyo angalia utangulizi wa mkataba wako. Ukiwa umeandikwa kwamba unatolewa chini ya sheria fulani au kanuni fulani, usiupite utangulizi huo kama maneno ya kufungulia tu, kwani ndio unaoweza kuamua kama siku ya kesi utapunguziwa au hutapunguziwa.

Huko India kwenyewe, Agosti 2019, Mahakama ya Juu ilihalalisha bondi za utumishi walizotiliana saini madaktari na serikali za majimbo, kwa hoja kwamba umma uliogharimia masomo yao una haki ya kupata huduma yao. Asitarajie mtu, basi, kwamba atakwenda mahakamani akasema bondi ni utumwa na kesi ikaishia hapo. Bondi inayosomeka vizuri na yenye muda wa wastani itasimama.

Mfano wa kiraia ambao natamani wakuu wetu wa afya wautazame ni wa Jichi, chuo cha udaktari cha Japani kilichofunguliwa mwaka 1972 kwa ajili ya maeneo yenye uhaba wa madaktari. Mikoa hupeleka vijana wao, masomo yanagharimiwa kwa miaka 6, kisha kijana hurudi mkoani kwake kutumikia miaka 9, na sehemu ya miaka hiyo huwa vijijini na visiwani. Akiondoka mapema hulipa. Muda ni uleule wa wanajeshi wa Tokorozawa, lakini tofauti iko mwisho wa safari: huyu anajua tangu siku ya kwanza kwamba anarudi kwa watu wa kwao. Kisiwa kama Pemba kingefaidika sana na mkataba unaotaja mahali, kwa sababu bondi nyingi zinasema "popote atakapopangiwa", na kijana anayepangiwa mbali na kwao bila matarajio ya kurudi ndiye wa kwanza kutafuta njia ya kutoka.

Bondi ya wizara ina udhaifu mwingine, na huu uko upande wa mwajiri. Mkataba humtaka kijana atumikie, lakini mara chache humtaka mwajiri amwajiri ndani ya muda maalumu. Kijana anamaliza, nafasi hakuna, anakaa mwaka, anakaa miwili, na bondi bado iko shingoni. Hawezi kukubali kazi ya hospitali binafsi kwa hofu ya kuvunja mkataba, wala hapati mshahara wa kuishi. Natamka bila kusita: mkataba usio na kifungu kinachosema kwamba bondi inakufa kama ajira haikutolewa ndani ya, tuseme, miezi 12, haufai kutiwa saini mpaka kifungu hicho kiongezwe. Jeshi halina tatizo hili, na ndiyo sababu kubwa inayowavuta wengi kwake.

Kisha kuna mdhamini. Hapa ndipo bondi za kiraia zinapokuwa kali kuliko za jeshi, kwa sababu mwajiri asiye na sheria ya kijeshi hutafuta mtu wa kumshika, na anayeshikika ni mzazi. Kijana anaweza kuondoka akaenda Uingereza au Omani. Mzee wa Wete haondoki, na mikarafuu yake haiondoki. Mdhamini anayeandikiwa kuwajibika kwa deni lote anaweza kudaiwa hata kabla kijana hajatafutwa. Sioni haki katika kumwekea rehani mtu asiyepata chochote kutokana na mkataba, eti kwa kosa ambalo huenda litatendwa miaka 12 baadaye na mtu mzima mwenye akili zake. Wazee walisema kukopa harusi, kulipa matanga. Hapa anayekwenda harusini ni mmoja na anayekaa matangani ni mwingine.

Nguvu ya mkopo

Kwenye mkopo sina mengi ya kueleza, kwa sababu mambo yake yako wazi zaidi. Elimu ya juu ni jambo la Muungano, na bodi ya mikopo iliyoundwa kwa sheria ya 2004 inawahudumia vijana wa pande zote mbili. Zanzibar pia ina bodi yake iliyoanzishwa kwa sheria ya 2011. Bodi ya Muungano hukata asilimia 15 ya mshahara wa aliyekopeshwa mpaka deni liishe, na ile tozo ya asilimia 6 ya kulinda thamani ya mkopo, iliyowaumiza wengi kwa kuzidisha deni kila mwaka, ilifutwa mwaka 2021. Nayo inataka mdhamini, lakini wa saini na kitambulisho, si wa shamba.

Mkopo haukuulizi unafanya kazi wapi, wala kama umevaa sare. Deni linafuata mshahara tu. Ubaya wake ni kwamba mkopo hauleti ajira, huenda usitoshe ada na matumizi yote ya miaka 5, na makato yake humfuata mtu muda mrefu wakati ambapo wenzake wa bondi wamekwisha kumaliza na hawadaiwi kitu.

Hesabu ya mlango wa kutokea

Tuseme gharama ya masomo ni shilingi milioni 40, na muda wa utumishi ni miaka 10. Daktari ametumikia miaka 8 kwa uaminifu, kisha mume wake akahamia nchi nyingine naye anataka kumfuata. Chini ya mkataba unaosema "akiondoka kabla ya muda atalipa gharama zote", anadaiwa milioni 40, sawa na aliyekimbia siku ya pili. Chini ya mkataba unaopunguza deni kwa kila mwaka, anadaiwa milioni 8. Kifungu cha kwanza hakimzuii mtu kuondoka. Kinamfundisha kwamba kama ataondoka, basi aondoke mapema, kwa sababu miaka yake 8 haitahesabiwa kitu. Sheria ya Marekani inadai ile sehemu ambayo haikutumikiwa, na huo ndio msimamo wa haki. Wakati huohuo sheria yao haina huruma kwa mkwepaji: deni hilo halifutwi hata mtu akitangazwa amefilisika ndani ya miaka 5 tangu mkataba kusitishwa. Naona huo ndio usimamizi unaofaa, yaani deni dogo lenye ukweli, lisilokwepeka, kuliko deni kubwa la kutisha ambalo hatimaye hakuna anayelilipa isipokuwa mzee mwenye shamba.

Nikiulizwa nani achague nini, nasema hivi. Anayetaka kuwa mwanajeshi, ambaye angeingia jeshini hata kama asingekuwa daktari, aende jeshini; kwake bondi haitakuwa mzigo, na atapata utulivu wa kazi ambao wenzake hawanao. Anayetaka kuwa daktari tu, na jeshi analiona kama karo ya bure, asiende, hata kama ndiyo nafasi pekee iliyokuja mwaka huu, kwa sababu mlango wa kutokea huko haufunguliwi kwa pesa. Anayetaka kutibu visiwani na kukaa visiwani, bondi ya wizara au ya kikosi cha SMZ inamfaa kuliko mkopo, ilimradi deni lipungue kila mwaka, ajira iwe na muda wa mwisho, na mdhamini asiweke mali. Asiyejua atakuwa wapi akifika miaka 30, na ambaye familia yake inaweza kujazia pengo la ada, akope. Asilimia 15 ni nyingi, lakini hakuna atakayemwambia aishi wapi.

Mzee wa Wete na binti yake waliandika barua kwa taasisi ile, kwa Kiswahili, ukurasa mmoja, wakiomba mabadiliko matatu. Walikubaliwa mawili: jina la mzee na shamba lake viliondolewa, na kifungu cha deni kikaandikwa upya ili lipungue kwa kila mwaka wa kazi. La mwaka wa mafunzo kwa vitendo kuhesabiwa walikataliwa. Binti alitia saini akijua kwamba huo ni mwaka mmoja anaoutoa bure, wakapewa nakala yenye muhuri kwenye kila ukurasa, na mzee akaiweka ndani ya ileile bahasha ya kaki, pamoja na karatasi zake za karafuu.